Beki wa Poland na Jezi Iliyoshonwa Bur Dubai

Mimi nilifika mahali hakuna kitu kilichoweza kunishangaza. Nalisema bila haya. Nimeona kipa akilia kwa sababu glavu zake zimefuliwa kwa sabuni yenye harufu nyingine. Nimeona mshambuliaji wa bei ya majumba matatu akigoma kuingia uwanjani mpaka aletewe soksi zilezile zenye tundu. Nimeona kocha akifukuzwa wakati wa mapumziko, na timu inaongoza. Mtu wa stoo huona yote, kwa sababu hakuna anayemwona yeye. Kwa hiyo nyinyi vijana mliopokea funguo zangu, someni polepole. Darasa la saba sikulimaliza, lakini haya nimeyaandika kwa mkono wangu, na aliyesoma kunizidi ajaribu kutoa doa la nyasi kwenye kaptura nyeupe, tuone.

Nilitoka Tanga nikiwa kijana mwenye mashati mawili, nikaanza udobi Bur Dubai, kwenye uchochoro wa nyuma ya maduka ya vitambaa. Kandura, zile kanzu nyeupe za Waarabu, ndizo zilizonifundisha weupe. Ukiiacha kandura na kivuli cha doa, mwenyewe hakugombezi, anakutazama tu, na hapo utatamani angegomba. Siku moja mashine ya klabu iliharibika, wakaleta jezi zao kwetu magunia mawili. Aliyekuja kuzichukua alikuwa mzee wa Kizanzibari, ukoo wao umekaa Dubai tangu zamani, sote tukimwita Ami Seif. Akaishika jezi, akaipeleka kwenye mwanga.

"Nani kazifua hizi?"

"Mimi, Ami."

"Kesho njoo klabuni. Hapa unapotea bure, mwanangu."

Ndivyo nilivyopata kazi. Sikuomba, sikupeleka karatasi, nilifua.

Ami Seif alinifundisha mambo mengi na mengine nimeyaboresha mwenyewe, lakini matatu shikeni kama yalivyo. La kwanza: jezi inageuzwa ndani nje. Inafuliwa ndani nje, inaanikwa ndani nje, inakunjwa ndani nje, na mchezaji ndiye anayeigeuza wakati wa kuivaa. Hapo nembo haichubuki na namba haibanduki. La pili: ufunguo wa kukazia meno ya njumu usimpe mtu, hata kocha, maana hautarudi. La tatu aliliweka hivi: "Usimtazame mtu akicheza. Akicheza kila mtu anamtazama. Mtazame akivua." Mchezaji anayevua soksi akaitupa imejiviringa kama andazi bichi, huyo hata nyumbani kwake watu wanaokota nyuma yake. Nimewapima wanaume kwa kipimo hicho miaka yote na sijakosea. Labda mara moja, na yule alikuwa mwamuzi.

Sasa nije kwa Mpolandi.

Alikuja katikati ya miaka ile ya elfu mbili na kumi, wakati klabu yetu ndogo imepata pesa kidogo na kiburi kingi. Jina lake Bogdan. Alikuwa na miaka thelathini na tano, mabega kama mlango wa msikiti, pua iliyovunjika ikaungwa ikavunjika tena. Ameichezea timu ya taifa ya Poland miaka kumi, beki wa kati, na kwetu alipewa namba nne. Watu wa klabuni walimtazama kama gari la Ulaya la zamani: zuri, ila spea zake tutazipata wapi?

Mimi nilimtazama akivua. Alikaa kwenye benchi, akazivuta soksi zake taratibu, akazinyoosha, akazipeleka mwenyewe kwenye kapu la soksi. Jezi kwenye kapu la jezi, imeshageuzwa ndani nje. Nikamfuata.

"Nani alikufundisha?"

Akacheka. Tuliongea kile Kiingereza cha viwanjani, maneno machache na mikono mingi. "Mama," akasema. "Baba yangu alikuwa mgodini, makaa ya mawe. Timu ya mgodi, mama ndiye aliyekuwa anafua jezi zao. Nyeupe!" Akaligonga paji lake la uso. "Makaa ya mawe, na jezi nyeupe!"

Nikamshika mkono. Mama wa namna hiyo ni mtu wa kazi yangu.

Tangu hapo kila baada ya mazoezi alikuja stoo, akageuza kreti la chupa akakalia, mifuko ya barafu kwenye magoti yote mawili, na mimi nikikunja. Nilimwita Baba Ola, kwa jina la binti yake, maana mtu mzima mwenye mtoto hamwiti jina lake kavu kama mnamkamata. Alipoelewa maana yake alifurahi mno, akaandika BABA OLA kwa kalamu ya wino ndani ya njumu zake.

Hapo kwenye kreti ndipo alipokuwa akinihadithia. Kwamba alianza kama mshambuliaji wa timu ya mgodi. Jumapili moja beki wao aliumia huko chini ya ardhi, hakufika mchezoni, kocha akamnyooshea kidole: wewe, nyuma. Akaenda nyuma, na hakurudi mbele tena maisha yake yote. Kwamba mechi yake ya kwanza ya taifa alipigwa kanzu, mpira ukampita juu ya kichwa, na kijana mdogo mbele ya nchi nzima, likawa bao, naye akatukana tusi zito na kamera imemkabili. Mama yake alimnunia siku nyingi. "Si kwa sababu ya bao," akasema. "Kwa sababu padri alikuwa anaangalia televisheni nyumbani kwetu." Kwamba alicheza Ujerumani, akacheza Ugiriki, akacheza Urusi kwenye baridi inayogandisha maji ndani ya chupa, na kila alikokwenda walimkumbuka kwa kosa moja na kuyasahau mengine yote aliyoyaokoa.

"Beki ni paa la nyumba," aliniambia. "Hakuna anayeamka akasema, leo paa letu limefanya kazi nzuri. Paa wanalitaja likivuja."

Na kila alikohama, Ola alihama shule. Sasa msichana alikuwa mwaka wa mwisho hapa Dubai, mitihani mwezi wa tano na wa sita. "Nimemtoa kwenye shule tano, Rajabu. Kila mara analia kwenye gari, kimya kimya, anadhani sisikii. Hii nimemwahidi atamaliza. Nikishammalizia hii, natundika njumu."

Katikati ya msimu akaja kocha mpya. Kocha mpya huja na mtu wake, hiyo ni kama chumvi kwenye mchuzi. Mtu wake alikuwa mshambuliaji wa kigeni, na nafasi za wageni zilikuwa zimejaa. Bogdan akaondolewa kwenye orodha. Mkataba wake ulikuwa mpaka mwisho wa mwezi wa sita, na klabu haikutaka kuubeba mpaka huko. Lakini ukiuvunja wewe, unamlipa. Akiuvunja yeye, khalas, anaondoka mikono mitupu, viza yake inafutwa, na ya mkewe na ya binti zinaifuata.

Meneja akaniita ofisini. Sitamtaja jina, ana watoto, na baadaye nilielewa kwamba hata yeye alikuwa na wakubwa wake.

"Rajabu, kuanzia kesho namba nne hapewi kitu. Hata uzi mmoja usitoke stoo kwenda kwake. Na nguo zake hazifuliwi."

"Sir, atafanyaje mazoezi?"

"Hilo nataka ajiulize yeye."

Bogdan mwenyewe ndiye aliyenifafanulia. Mkataba ulisema afike mazoezini saa ya mazoezi, amevaa sare ya klabu yenye nembo. Akikosa mara tatu, kavunja. Siku ya kwanza ya amri ile alikuja na fulana yake nyeupe, akakimbia peke yake kandokando ya uwanja huku wenzake wakicheza katikati. Meneja akampiga picha kwa simu. Moja hiyo.

Jioni alikuja akakaa kwenye kreti. Barafu pia ilikuwa imekatazwa, kwa hiyo alikaa tu, mikono juu ya magoti. "Wachezaji ishirini na tano naweza kuwakaba," akasema. "Karatasi siwezi kuikaba."

Wenye akili watasema, Rajabu, ungempa tu jezi kwa siri. Basi wenye akili hawajawahi kuwa na kafeel, mwajiri anayeishika viza yako. Ningekamatwa, ningekuwa kwenye ndege ya Dar es Salaam kabla sabuni haijakauka mikononi. Lakini mimi nimezaliwa na kichwa. Amri ilikuwa uzi mmoja usitoke stoo. Sawa, sir, hautatoka. Bur Dubai kuna nyuzi nyingi kuliko stoo yetu.

Siku mbili zilizofuata hakukuwa na mazoezi, nikaenda kwa Fundi Basheer, Mhindi wa Kerala, jirani yangu tangu enzi za udobi. Nikamwambia nataka suti mbili za mazoezi, jezi na kaptura, moja avae na moja ifuliwe, kitambaa kile chepesi cha vishimo, bluu ya bahari, na nembo ya mwewe kifuani.

"Lete sampuli," akasema.

"Sampuli ni mimi."

"Lete hata picha kwenye simu, bhai."

"Basheer, nembo hii nimeishika kwa vidole hivi kila siku ya Mungu. Nikifumba macho naiona. Chukua penseli."

Nikamchorea mwewe: huku kichwa, huku mbawa, manyoya yamejaa hapa kifuani. Akaweka kwenye cherehani yake ya kudarizi. Nilipokwenda kuzichukua nilisimama nazo kama baba aliyepata mapacha. Nikampa Bogdan ndani ya mfuko wa duka la vitambaa, pamoja na jozi tatu za soksi nilizonunua. Akaishika jezi, akaitazama, akanitazama mimi. Akanipiga begani mpaka likaniuma siku mbili.

Kesho yake akaja geti la klabu amevaa. Pale getini alikuwa Mukasa, mlinzi, Mganda, ambaye pia tulikuwa tunakaa naye nyumba moja Discovery Gardens, wanaume sita vyumba viwili. Mukasa akamfungulia, akampigia saluti, kisha akanijia mbio.

"Ssebo! Ile ndege ya muzungu wako, imekula pilau?"

"Ndege gani?"

"Ya kifuani. Wewe angalia hii ya kwenye geti, inaangalia bahari. Ile yako inaangalia jangwa. Na ni nono, ssebo. Hiyo ni kuku."

Nikainua macho kwenye nembo ya getini, ambayo nimepita chini yake asubuhi na jioni.  Mwewe wa klabu anatazama kulia. Mimi maisha yangu yote nimemshika ndani nje, kwa upande wa mgongo wa darizi, ambako anatazama kushoto na nyuzi zimefumuka zikavimba. Nilikuwa nimemchora mwewe kama anavyoonekana na dobi. Dunia nzima hakuna mtu mwingine ambaye angeweza kukosea vile, na sijui kama hilo ni la kujivunia au la.

Nilipofika uwanjani Meneja alikuwa tayari amesimama mbele ya Bogdan, simu mkononi.

"Hii ni nini?"

"Sare ya klabu," akasema Bogdan.

"Hii si nembo yetu. Huyu ni kuku!"

Wachezaji wakaacha kucheza. Mmoja akawika. Bogdan hakugeuka.

"Sir, miaka kumi nilivaa tai kifuani, ndege wa nchi yangu. Sasa mwewe. Sasa kuku. Ndege hakimbii. Nakimbia mimi."

Akaanza kukimbia. Meneja akapiga picha. Mbili hiyo. Ikabaki moja.

Kisha nikaitwa mimi. "Umempa wewe."

"Sir, hesabu stoo."

Akahesabu. Alihesabu jezi, kaptura, soksi, akahesabu mpaka vizibao vya mazoezi vya timu ya watoto. Hakukosekana uzi. Akaketi kwenye lile kreti, akajifuta jasho.

"Rajabu, huyu mtu ni ndugu yako?"

"Hapana, sir."

"Basi unatafuta nini?"

Hilo akaniuliza mimi. Mimi ambaye sijawahi kununua hata chai bila kuulizia bei kwanza. Nikamwambia, "Sir, anakunjua soksi." Akanitazama kama mtu aliyepigwa jua, akasema akigundua tena nimeingiza mkono nitarudi Tanga kwa miguu.

Jioni hiyohiyo nilikuwa kwa Basheer, safari hii na picha ya nembo ya getini kwenye simu. Hakunicheka, na hilo ni baya zaidi. "Bhai," akasema tu, huku akifumua kuku, "siku nyingine mwachie penseli aliyesoma." Mimi na yeye sote hatujasoma. Mwewe wa pili alitoka hasa: kifua chembamba, macho makali, anatazama bahari. Kesho yake Meneja alimchungulia kwa karibu mpaka pua ikakaribia kugusa, akaweka simu mfukoni.

Basi ikawa ndiyo maisha. Stoo ilikatazwa kufua, kwa hiyo nikamfulia kwenye bafu letu Discovery Gardens. Majani ya uwanjani na vile vichembe vya mpira vikaziba bomba, wanaume watano wakaoga kwa kopo wiki nzima huku wakiimba nyimbo za kunisimanga kwa lugha nne. Mukasa alisimama mlangoni na taulo: "Ssebo, hata Poland hawana maji?"

Mwezi wa tano, Ola yuko katikati ya mitihani, alfajiri moja nikaambiwa pakia lori, mazoezi ya leo yako Hatta, milimani. Saa ya mazoezi ni ileile ya asubuhi. Nikamuuliza dereva wa basi kama namba nne amepewa taarifa. Akatazama pembeni. Nikaelewa. Ya tatu hiyo, na ilikuwa imekatwa vizuri kuliko kitambaa cha Basheer.

Suti zote mbili zilikuwa zimeanikwa kwenye kibaraza chetu, usiku nilizifua pamoja. Bogdan hakuwa na nyingine. Nikampigia Mukasa, ambaye ndiyo kwanza ametoka zamu.

"Ssebo, mimi nimelala."

"Amka. Chukua zile za bluu kwenye kamba, panda teksi, mpelekee Baba Ola nyumbani kwake. Mwambie Hatta."

"Na nani analipa teksi?"

"Mimi."

Nikasikia anashuka kitandani. "Wewe Rajabu analipa teksi," akasema. "Basi ni vita."

Nilikaa kwenye lori, nyuma ya basi la wachezaji. Kitu kimoja nilikuwa nakijua ambacho Meneja alikuwa hakifikirii: dereva wa basi hajawahi kwenda Hatta bila kusimama kwa chai ya karaki. Na wachezaji wakishashuka kwenye basi, kuwarudisha ni kama kurudisha dawa ya meno. Nilishuka nikanunua ya kwangu, nikainywa kwa kuipuliza, yalla yalla za Meneja za kutuhimiza zikinipita sikio moja na kutokea jingine.

Tulipofika uwanja ule mdogo chini ya milima, Meneja alishuka wa kwanza, gilasi ya karatasi mkononi. Akasimama. Gari dogo la mke wa Bogdan lilikuwa limeegeshwa kwenye vumbi, Mukasa amelala kiti cha nyuma mdomo wazi. Na uwanjani, peke yake, kwenye jua, namba nne alikuwa anakimbia. Kaptura ilikuwa bado mbichi, niliiona inavyomganda. Mwewe anatazama mbele.

Meneja alimtazama mizunguko miwili mizima. Kisha akamwaga karaki iliyobaki, akasema kwa sauti ndogo, "Khalas." Hakuna aliyejaribu tena.

Ola alimaliza mtihani wake wa mwisho mwezi wa sita. Siku ya mwisho ya mkataba alikuja klabuni na mama yake kumtazama baba akifanya mazoezi, msichana mrefu, kimya, shati lake la shule limejaa sahihi za wenzake kwa kalamu za rangi. Hapakuwa na mechi, hapakuwa na mashabiki. Timu ilishafunga msimu. Mtu aliyekaba washambuliaji wa dunia alimaliza kazi yake kwa kuzunguka uwanja mtupu wa Dubai, na mashabiki wanne: mke, binti, Mukasa na mimi. Alipomaliza mzunguko wa mwisho hakuanguka chini wala hakulia. Alitembea mpaka kwenye mstari wa boksi, pale beki anaposimama, akageuka akautazama uwanja kama mtu anayehakikisha amefunga milango yote. Kisha akatoka.

Meneja alikuja kwenye uzio, mikono nyuma. "Nilikuwa nafanya kazi yangu," akamwambia.

"Na mimi," akasema Bogdan. Wakapeana mikono.

Kisha akaja kwangu na pochi wazi. Akasema yeye ni mtoto wa mfua nguo, anajua bei ya sabuni, nitaje hesabu yote na nisimdanganye. Nikamwambia Baba Ola, mtu wa stoo hauzi nguo. Akanishika kola. Sikutaja. Ola akasema kwa Kiswahili alichofundishwa na baba yake kwenye gari, "Asante, babu." Babu! Nilikuwa na miaka arobaini na saba. Hapo ndipo nilipokubali kwamba dunia bado inaweza kunishangaza.

Sikumwambia yeye, sikumwambia Mukasa, na mke wangu akisoma hapa atajua leo. Lakini nyinyi ni watu wa stoo, na kwenye stoo hatufichani hesabu. Ushonaji wa suti mbili, darizi ya kuku, kumfumua kuku, darizi ya mwewe, jozi tatu za soksi, teksi ya Mukasa, na fundi bomba wa Discovery Gardens: dirham elfu moja mia moja themanini na tano, na fils hamsini.